Kitabu Kisichofikishwa Mahakamani

Barabara kuu itokayo Kampala huvuka mto Nile pale Jinja, kwenye daraja jipya la nyaya lililofunguliwa Oktoba 2018, ikapita kando ya mashamba ya miwa ya Kakira na kuingia Iganga. Mbele kidogo ya mji, pale Nakalama, inagawanyika. Mkono wa kulia unaelekea Bugiri na mpaka wa Kenya. Wa kushoto unakamata njia ya Tirinyi hadi Mbale, chini ya majabali ya Wanale. Kwa watu wengi Iganga ni mji wa kupita. Lori linasimama, dereva anakula, safari inaendelea. Lakini kesi moja ya uandishi inayostahili kukumbukwa katika Afrika Mashariki nzima ilianzia hapa, katika nyumba ya mwandishi aliyekuwa hajulikani sana.

Kakwenza Rukirabashaija si mtu wa mashariki kwa kuzaliwa. Alizaliwa Rukungiri, upande wa pili wa nchi, na Iganga ndipo alipoweka nyumba na familia. Mwaka 2020 alitoa riwaya yake ya Kiingereza, The Greedy Barbarian. Inamhusu Kayibanda, mvulana anayevuka mpaka akiwa na mama yake, wakikimbia kutoka nchi jirani na kupokewa na wenyeji. Anakua, anapanda ngazi, na mwisho wake anaitawala nchi iliyompa hifadhi na kuitafuna. Nchi yenyewe ni ya kubuni. Hakuna ramani, hakuna jina la Uganda, hakuna jina la rais yeyote wa Uganda.

Tarehe 13 Aprili 2020 askari wenye silaha walifika nyumbani kwake. Nchi nzima ilikuwa imefungwa kwa sababu ya korona, magari ya watu binafsi yamezuiwa barabarani, na wengi wamejifungia majumbani. Alichukuliwa, akapelekwa mikononi mwa ujasusi wa kijeshi, idara iliyojulikana wakati huo kwa herufi CMI. Katiba ya Uganda ya mwaka 1995, ibara ya 23, inasema aliyekamatwa afikishwe mahakamani ndani ya saa 48. Yeye alikaa siku saba bila mwanasheria wala ndugu kumwona. Alieleza baadaye kwamba alipigwa, akafungwa pingu na minyororo, akanyimwa usingizi, na kwamba alihojiwa juu ya riwaya: Kayibanda ni nani? Si mheshimiwa rais huyu?

Siku ya saba alirudishwa Iganga na kusimamishwa mbele ya hakimu. Hati ya mashtaka haikutaja riwaya. Haikumtaja Kayibanda. Ilisema ametenda jambo linaloweza kueneza maradhi, kosa lililokuwa wakati huo katika kifungu cha 171 cha Kanuni ya Adhabu. Mtu ametolewa nyumbani kwake kwa ajili ya kitabu, amehojiwa kwa ajili ya kitabu, halafu anasomewa shtaka la ugonjwa. Alirudi mahabusu na kupata dhamana mwanzoni mwa Mei.

Tusiipite hati hiyo haraka, maana siri ya kesi yote imo ndani yake.

Tuseme mwendesha mashtaka angeamua kuishtaki riwaya yenyewe. Angesimama katika mahakama ya Iganga, mbele ya wachuuzi na waendesha bodaboda waliojaa madirishani, akiwa na kitabu mkononi. Angesoma kwa sauti maisha ya mtawala mlafi anayeiba, anayeua, anayeing'ang'ania ikulu. Kisha ingembidi athibitishe, bila shaka yoyote, kwamba mtu huyo ni Yoweri Kaguta Museveni. Angewaita mashahidi waseme kwamba walipousoma ule ulafi walimtambua mara moja. Wakili wa utetezi naye angekuwa na kazi nyepesi kuliko zote: angemwomba shahidi wa serikali ataje sifa moja baada ya nyingine iliyomfanya amtambue rais wake. Mshtakiwa amesema ni hadithi ya kubuni. Serikali ndiyo ingeapa kwamba ni kweli tupu. Hakuna mwanasheria mwenye akili timamu angekubali kuingia mtego huo. Ndiyo maana katika miaka yote miwili ya masaibu yake, Kakwenza hakuwahi kusomewa shtaka mahakamani lililoitaja riwaya ile.

Kulikuwa na sababu nyingine pia, ya kisheria. Wakoloni waliacha Uganda na vifungu viwili vya kuwanyamazisha waandishi: habari za uongo na uchochezi. Vyote viwili vilikuwa vimekwisha kuangushwa. Kile cha habari za uongo kilifutwa na Mahakama ya Juu Februari 2004, katika kesi ya Charles Onyango-Obbo na Andrew Mwenda wa gazeti la The Monitor, waliokuwa wameshtakiwa kwa habari ya mwaka 1997 kuhusu dhahabu ya Kongo. Kile cha uchochezi kilifutwa na Mahakama ya Katiba Agosti 2010, na hapo tena Mwenda alikuwa miongoni mwa waliofungua shauri. Waandishi wa magazeti walipigana miaka mingi kupata ushindi huo, nami nawavulia kofia. Lakini dola iliyopokonywa panga haikosi kisu. Ilianza kutafuta vifungu vilivyokuwa na kazi nyingine kabisa: maradhi, kompyuta, ukabila.

Ukirudi nyuma nusu karne utaona tofauti. Oktoba 1968, serikali ya Milton Obote ilimkamata Rajat Neogy, mhariri wa jarida la Transition aliloanzisha Kampala mwaka 1961, pamoja na Abu Mayanja, mbunge na mwanasheria aliyekuwa ameandika humo akikosoa mambo ya katiba na ucheleweshaji wa kuwateua majaji Waafrika. Wao walishtakiwa kwa uchochezi, waziwazi, kwa maneno yaliyochapishwa. Mwanzoni mwa 1969 mahakama ikawaachia huru. Serikali ikawarudisha ndani papo hapo kwa sheria ya hali ya hatari. Neogy alitoka miezi michache baadaye, mtu aliyevunjika moyo, akaondoka nchini. Mayanja alikaa hadi 1970. Sina la kumsifu Obote kwa hilo. Ila hati ile ya mashtaka ilikuwa na ukweli mmoja: ilisema kinachowaudhi wakubwa ni maandishi. Mwaka 2020 hata ukweli huo ulifichwa.

Kwa nini basi hadithi ya mvulana aliyevuka mpaka iwaume watu kiasi hicho? Hapa lazima twende Mbale.

Januari 1973, Idi Amin akiwa madarakani miaka miwili, vijana wa kundi la siri lililoitwa FRONASA walikuwa wamejificha katika nyumba za Maluku, mtaa wa mji wa Mbale. Mmoja wao alikuwa Museveni, kijana wa miaka chini ya thelathini, aliyesoma Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Polisi wa kijeshi waliwazingira. Museveni aliponyoka, wenzake Martin Mwesiga na Mpiima Kazimoto waliuawa. Wiki chache baadaye, tarehe 10 Februari, Amin aliamuru watu wapigwe risasi hadharani katika miji kadhaa ya Uganda, wananchi wakiwa wamekusanywa kutazama. Mbale nayo ilikuwamo, na mmoja wa waliouawa hapo alikuwa ofisa wa jeshi, Tom Masaba. Wapo wazee mjini humo ambao walipelekwa wakiwa wanafunzi kushuhudia.

Kisa cha Maluku kimesimuliwa na rais mwenyewe katika kitabu cha maisha yake, Sowing the Mustard Seed, kilichotoka mwaka 1997. Kinatajwa kwenye sherehe na kwenye hotuba. Ni kisa cha kweli, cha ujasiri, na damu iliyomwagika pale inadai heshima. Lakini kwa miaka mingi simulizi la taifa limekuwa na mtunzi mkuu mmoja. Yeye ndiye mpiganaji, yeye ndiye shahidi, yeye ndiye mwanahistoria, na tangu Januari 1986 yeye ndiye mkuu wa dola. Mama wa Maluku aliyesikia risasi siku ile hana kitabu. Askari wa Jinja walioasi Januari 1964 wakidai mishahara, wiki ileile walipoasi wenzao wa Tanganyika na Kenya, wanatajwa katika mistari miwili ya vitabu vya shule. Watu wa Busoga waliokuwa wakiona maiti zikielea Nile wakati wa Amin wanasimuliana wenyewe kwa wenyewe. Riwaya ndiyo njia ya mtu asiye na ikulu kuisema historia kwa sauti yake, na ndiyo maana mtawala mwenye simulizi moja huiogopa kuliko gazeti. Gazeti likikosea husahihishwa kesho yake. Riwaya haisahihishwi, msomaji akishamjua Kayibanda, amemjua.

Na kuna kidonda kingine ndani ya kidonda. Swali la nani mwenyeji na nani mgeni ni la zamani na la hatari Uganda. Katiba ya 1995 ina jedwali la makabila yaliyohesabiwa kuwa ya Uganda kufikia tarehe 1 Februari 1926, na Wanyarwanda wamo katika orodha hiyo. Hata hivyo maelfu yao walihesabiwa kuwa wakimbizi, wakafukuzwa mashambani mwaka 1982, na wengi wao wakaingia vita vya msituni pamoja na Museveni. Tangu hapo uvumi kuhusu asili ya rais umekuwa silaha mdomoni mwa wapinzani wake. Nitasema ninavyoona: hadithi inayompima mtawala mbaya kwa mpaka aliouvuka mama yake ina sumu ndani yake. Mabaya ya mtawala ni ya mikono yake, si ya kijiji alichozaliwa, na jirani yangu Mnyarwanda anayeuza maziwa Mbale hapaswi kubeba mzigo wa ikulu. Msomaji ana haki ya kumwambia Kakwenza hivyo usoni. Mhakiki ana haki ya kuiandikia riwaya ile kurasa kumi za lawama. Hiyo ndiyo mahakama halali ya riwaya, na adhabu yake ni kutosomwa.

Kakwenza hakunyamaza. Baada ya kupata dhamana aliandika kitabu cha pili, Banana Republic: Where Writing is Treasonous, akieleza yaliyompata mikononi mwa wanajeshi. Safari hii hakukuwa na pazia la ubunifu. Septemba 2020 alikamatwa tena. Tuhuma zilikuwa kuchochea vurugu na kueneza ubaguzi wa kikabila, kosa lililoingizwa katika Kanuni ya Adhabu mwaka 1988, serikali ya sasa ikiwa changa na nchi ikitoka kwenye vita. Alishikiliwa siku tatu, akatolewa kwa dhamana ya polisi na kutakiwa kuripoti mara kwa mara.

Msomaji wa Kiswahili ataona njia hii si ngeni. Abdilatif Abdalla alihukumiwa mwaka 1969 kwa kijikaratasi chenye kichwa Kenya: Twendapi?, na upweke wa gerezani ukamzaa mshairi wa Sauti ya Dhiki. Adam Shafi alitiwa ndani baada ya Rais Karume wa Zanzibar kuuawa Aprili 1972, na ilimchukua zaidi ya miaka thelathini kuyageuza mateso yale kuwa riwaya, Haini, iliyotoka 2003. Ngũgĩ wa Thiong'o alitupwa kizuizini mwisho wa 1977 kwa mchezo wa kuigiza wa wanakijiji wa Kamĩrĩĩthũ, na akaanza riwaya yake ya Kigĩkũyũ juu ya karatasi za chooni. Kwa hao wote gereza lilitangulia, kitabu kikafuata. Kwa Kakwenza mambo yalianza upande wa pili: kitabu kikamleta askari, askari akaleta kitabu kingine, na kitabu hicho kikamleta askari tena.

Mwaka 2021 dunia ikamfikia. Tsitsi Dangarembga wa Zimbabwe, aliyepewa tuzo ya PEN Pinter nchini Uingereza, alipaswa kwa kanuni za tuzo hiyo kumchagua mwandishi jasiri wa kugawana naye heshima. Alimchagua Kakwenza. Kwa mwandishi wa Iganga aliyekuwa akiripoti polisi, ilikuwa ngao. Ngao hiyo haikudumu.

Desemba mwaka huohuo alianza kumwandika kwenye Twita mtoto wa rais, Muhoozi Kainerugaba, wakati huo kamanda wa majeshi ya nchi kavu, akiudhihaki mwili wake na uwezo wake. Yalikuwa maneno ya kejeli, makali, yasiyo na ustadi wa riwaya. Tarehe 28 Desemba watu wenye silaha waliuvunja mlango wake huko Kisaasi, Kampala, na wakati wanauvunja yeye alikuwa akiandika mtandaoni kwamba wamefika. Ndipo akatoweka. Mahakama ya Makindye iliamuru aachiliwe bila masharti. Amri ikabaki karatasi.

Mwanzoni mwa Januari 2022 msafara wa polisi ulimleta Iganga kupekua nyumba. Waliomwona siku ile, akiwemo mwanasheria wake Eron Kiiza aliyesimulia hadharani, walisema alikuwa akichechemea na nguo zake zina damu. Jirani anayekutazama ukishushwa garini namna hiyo, mlangoni kwako, mbele ya watoto wa mtaa, hahitaji kuambiwa kwamba kuandika ni hatari. Nadhani upekuzi wenyewe ulikuwa jambo dogo siku ile. Kilichotakiwa kionekane ni mwili wa mwandishi.

Tarehe 11 Januari, siku kumi na nne baada ya kukamatwa, alipandishwa kizimbani katika mahakama ya Buganda Road. Mashtaka mawili chini ya kifungu cha 25 cha Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta ya mwaka 2011: kwamba kwa makusudi na kwa kurudiarudia ameivuruga amani ya Rais Museveni, na kwamba ameivuruga amani ya Jenerali Muhoozi. Mmoja ni amiri jeshi mkuu, mwingine wakati huo aliongoza majeshi ya nchi kavu. Aliyevuruga amani yao alikuwa na simu. Alipelekwa gereza la Kitalya. Tarehe 25 alipewa dhamana ya shilingi 500,000, na hata kabla ya kufika nyumbani akachukuliwa tena na watu wenye silaha, kisha akarudishwa.

Mwanzoni mwa Februari alivua shati mbele ya kamera za televisheni. Mgongo ulikuwa umechorwa makovu kuanzia mabegani hadi kiunoni. Alisema nyama ya mapaja yake ilinyofolewa kwa koleo. Waganda walikuwa wamesikia maneno mateso na nyumba za siri kwa miaka mingi, lakini safari hii walioneshwa ngozi, saa ya taarifa ya habari, watoto wakiwa sebuleni. Mahakama ilikuwa imekataa kumrudishia pasipoti aende kutibiwa ng'ambo. Siku chache baada ya mahojiano yale alivuka mpaka kuingia Rwanda bila pasipoti, na kabla ya mwezi kwisha alikuwa Ujerumani, nchi ambako Abdilatif Abdalla naye alimalizia miaka yake ya kufundisha.

Mashtaka hayakuwahi kusikilizwa hadi hukumu. Na tarehe 10 Januari 2023, mwaka mmoja kasoro siku moja tangu asomewe, Mahakama ya Katiba iliamua kwamba kifungu cha 25 ni batili: maneno yake ni mapana mno kiasi kwamba raia hawezi kujua lini amekosea, na katika demokrasia huwezi kumfunga mtu kwa kuudhi tu. Shauri hilo lilikuwa limefunguliwa tangu 2016 na Andrew Karamagi na Robert Shaka. Liliketi kwenye kabati za mahakama miaka kama sita. Lingeamuliwa kwa wakati, kusingekuwa na kifungu cha kumshtakia Kakwenza. Na bado uamuzi ulipokuja, bunge lilikuwa limekwisha kuitangulia mahakama: marekebisho ya sheria hiyohiyo yalitiwa saini na rais Oktoba 2022, yakiwa na makosa mapya ya taarifa za nia mbaya na taarifa zisizoombwa.

Makovu yalipooneshwa, Umoja wa Ulaya na Marekani walitoa matamko ya wasiwasi. Hakuna ofisa wa jeshi wala wa usalama aliyesimamishwa kizimbani kwa yale yaliyouchora mgongo ule. Muhoozi alipandishwa cheo kuwa jenerali kamili mwaka huohuo wa 2022, na Machi 2024 akawa mkuu wa majeshi yote ya Uganda.

Eron Kiiza aliendelea na kazi yake ya uwakili. Tarehe 7 Januari 2025 alikwenda kwenye mahakama ya kijeshi ya Makindye kumtetea Kizza Besigye, mpinzani aliyetekwa Nairobi na kurudishwa Uganda. Yalitokea mabishano huko. Siku hiyohiyo, bila kusikilizwa na bila wakili, majaji wa kijeshi walimhukumu miezi tisa kwa kosa la kuidharau mahakama, akapelekwa Kitalya, gereza lilelile alikokuwa akimfuata mteja wake wa Iganga. Mwisho wa mwezi huo Mahakama ya Juu ilitoa hukumu kwamba mahakama za kijeshi hazina uwezo wa kuwahukumu raia. Kiiza alikaa ndani hadi Aprili.